6G Si Darasa, Ni Paipu Imeinama: Soma Hii Kabla Ulipie Mtihani wa Kuchomelea

Kama uko kwa magrupu ya WhatsApp ya kusaka mboka, hili tangazo umeliona zaidi ya mara moja: wanatafutwa mafundi wa kuchomelea wa 6G, kazi iko Ghuba, chakula na nyumba ni juu ya kampuni. Chini yake maswali ni yale yale. 6G ni nini? Inasomewa wapi? Inachukua wiki ngapi? Halafu hakosi msee mmoja wa kusema ako na mtu wa kukutolea hicho cheti kwa thao kadhaa, hata mashine usishike.

Tulia hapa dakika kumi, juu hii stori inaweza kukuokolea ganji mob. Na si lazima uwe umemaliza chuo ndo uielewe. Mimi mwenyewe sikumaliza.

Kitu ya kwanza: 6G si darasa. Si ati unamaliza 1G unapanda 2G mpaka ufike 6G upewe kofia na gauni. Namba inasema chuma kimekaa vipi wakati unachoma. Herufi inasema unachoma mshono wa aina gani. Kwa hivyo 6G ni paipu iliyowekwa mshazari wa digrii 45, imefungwa haizunguki, na wewe unatakiwa kuichoma pande zote ikiwa hivyo hivyo. Hiyo tu. Lakini hiyo "tu" ndo imerudisha wasee wengi nyumbani na nauli ya kukopa.

ANZA NA HERUFI: F NA G

F ni mshono wa fileti. Hapa vyuma viwili vinakutana kwa kona, kama mguu wa meza na fremu, ama bamba moja limesimama juu ya lingine likafanya T. Hukati ncha. Unajaza ile kona, na mshono unatoka na umbo la pembetatu. Kazi kubwa ya mtaani ni hii: mageti, grili, viti vya shule, kerieri za matatu.

Watu wanaangalia fileti kwa urembo, lakini nguvu yake iko kwa koo, yaani unene kutoka kona ya ndani mpaka usoni mwa mshono. Kwa fileti iliyo sawa pande zote mbili, koo ni kama 0.7 ya mguu wake. Mguu wa mm 10 unakupa koo ya mm 7. Sasa ukiuchoma ukabonyea katikati, kwa macho unakaa msafi kabisa, lakini koo imepungua na nguvu imeenda nayo.

G ni mshono wa gruvu. Vyuma viwili vinapangwa ncha kwa ncha, na ncha zenyewe zimekatwa mshazari ndo zikikaribiana zifanye V. Unajaza hiyo V kutoka ndani kuja nje. Hapa lengo ni chuma kishikane unene wote, mpaka upande wa pili ambao pengine hutawahi kuuona. Paipu za mafuta, boila, matangi ya presha, nguzo kubwa za majengo, hizo zote zinataka gruvu.

Sheria rahisi ya kukumbuka: kwa kawaida ukipita mtihani wa gruvu, fileti inaingia humo humo. Ukipita fileti peke yake, gruvu bado hujagusa. Kwa hivyo jamaa amechoma mageti Kariobangi miaka kumi anaweza kuwa moto sana kwa F na awe hajawahi kuchoma G hata moja ya kufika ndani. Si ati hajui kazi. Hajawahi tu kuulizwa hilo swali.

SASA NAMBA: ADUI NI MVUTO WA DUNIA

Chuma kikiyeyuka kinakuwa kama uji moto. Uji ukiwa kwa sufuria hauna shida. Jaribu kuupaka ukutani, halafu uupake kwa dari, ndo utajua kwa nini hizi namba ziko.

1 ni chuma kimelala na unachoma ukiangalia chini. Uji unatulia wenyewe. Ikiwa ni paipu, 1G inamaanisha paipu inazungushwa na wewe unabaki kuchoma pale juu.

2 ni mshono wa kwenda upande. Kwa 2G bamba limesimama na mshono unapita katikati yake kama mshipi, ama paipu imesimama kama nguzo na unaizunguka. Uji unataka kushukia chuma cha chini na kuacha kile cha juu kikiwa kimeliwa ukingoni. Hicho kidonda cha ukingoni mafundi wanakiita andakati, na tutarudi kwake. 2F nayo ni ile T ya kawaida juu ya meza.

3 ni wima. Unaweza kuchoma ukipanda ama ukishuka. Kupanda ni polepole lakini moto unaingia ndani. Kushuka ni mbio, na usipojua unaacha uji umekalia chuma bila kushikana nacho. Mtihani utakuambia unataka gani, na kupita ya kupanda hakukupi ruhusa ya kushuka.

4 ni juu ya kichwa. Cheche zinakuja kwako, shingo inauma, na mkono ukitetemeka kila kitu kinaonekana.

5 ni paipu imelala na haizunguki, wewe ndo unazunguka. Fikiria uso wa saa. Unaanza chini penye namba 6, hapo uko juu ya kichwa. Ukifika penye namba 3 uko wima. Ukimaliza penye namba 12 umekuwa wa kulala. Mshono mmoja, pozi tatu.

6 ni hiyo hiyo, lakini imeinamishwa digrii 45. Sasa ile hali ya kwenda upande inaingia pia, na kila hatua lazima ubadilishe mkono, mwili na pembe ya rodi. Ndo maana inaogopwa. Kuna pia 6GR, ambapo pete ya chuma inawekwa karibu na mshono ikubane kabisa. Hiyo ni ya wale wa miundo ya paipu zinazokutana kwa pembe, kama majukwaa ya mafuta baharini.

Hizo ni namba za Kimarekani. Ukipatana na kampuni inayofuata mfumo wa ISO, pozi ni zile zile na majina tofauti. 1G ni PA, 2F ni PB, 2G ni PC, 4F ni PD, 4G ni PE. 3G ya kupanda ni PF na ya kushuka ni PG. 6G ya kupanda wanaiita H-L045. Usitishwe na tangazo eti halitaji 6G popote.

CHETI HAKISEMI UNAJUA KUCHOMA

Hapa ndo watu wengi wanapotea. Cheti cha mtihani wa aina hii hakisemi "huyu ni fundi mkali." Kinasema huyu mtu, siku fulani, alichoma chuma cha aina fulani, unene fulani, kwa njia fulani, pozi fulani, na kikapita. Nje ya hapo hakikubebi.

Mfano wa kwanza ni njia. Ukipita 6G kwa rodi za kawaida, hiyo haikupi TIG. Mashine tofauti, mkono tofauti, mtihani tofauti. Kazi nyingi za paipu zinataka mshono wa kwanza wa TIG halafu ujazie na rodi, kwa hivyo uliza.

Mfano wa pili ni unene. Kwa sheria za AWS D1.1, zinazotumika sana kwa miundo ya chuma, ukipita kwa bamba la karibu mm 10 unaruhusiwa mpaka karibu mm 20. Ukipita kwa bamba la mm 25, kikomo cha juu kinaondolewa.

Mfano wa tatu ni pozi. Kwa D1.1, kupita 3G na 4G za bamba kunakufungulia pozi zote za bamba. 6G inafungua pozi zote za paipu pia. Kwa hivyo kama mboka unayoisaka ni ya kujenga godauni ama daraja, 3G na 4G zinaweza kutosha kabisa, na ni rahisi kufanyia mazoezi. Usilipie 6G eti kwa sababu jina linapendeza TikTok.

Mfano wa nne ni muda. Ukikaa zaidi ya miezi 6 bila kuchoma kwa hiyo njia, ruhusa inakufa, iwe ni D1.1 ama ASME ya boila na paipu za presha. Weka daftari la kazi zako, tarehe na njia uliyotumia, na msimamizi atie sahihi. Inaonekana kitu ndogo mpaka siku unaulizwa.

Na hapa Kenya kuna cheti kingine kinachochanganywa na hiki: ule mtihani wa serikali wa NITA wa Grade III, II na I. Huo unapima ufundi wako kwa jumla, ukianzia III ukipanda kwenda I. Hizi ndo zinapanda kama madarasa. Unaweza kuufanya hata kama ulijifunzia kwa fundi mtaani bila kuingia chuo. Uko na maana sana, juu unathibitisha wewe ni fundi anayetambulika. Lakini mkandarasi wa paipu bado atakupa kipande cha chuma siku ya kwanza akuambie uonyeshe. Hivyo viwili havigombani. Kimoja kinakufikisha mlangoni, kingine kinakuingiza.

Na sababu ya ukali wote huu haiko mbali. Bomba la mafuta ghafi la EACOP kutoka Hoima, Uganda, mpaka Tanga, Tanzania, lina urefu wa km 1,443. Paipu moja ni ya mita 18. Piga hesabu: ni zaidi ya paipu 80,000 za kuunganishwa, na mshono mmoja mbovu unatosha kumwaga mafuta kwa shamba la mtu. Ama angalia ile stadium ya Talanta hapa Nairobi inayojengewa AFCON 2027: viti 60,000, na chuma juu ya vichwa vya watu. Hakuna mtu anataka kusikia "ilikuwa inakaa poa."

RODI ZA MTIHANI SI ZA GETI

Wasee wengi mtaani wamelelewa na 6013. Inawaka haraka, ina moto mpole, inasamehe. Ukienda mtihani ukute 7018 ama 6010, mkono unakuwa mgeni.

Soma namba hivi. Mbili za kwanza ni nguvu: 60 ni psi 60,000, 70 ni psi 70,000. Ya tatu ni pozi: 1 inamaanisha pozi zote, 2 ni kulala na fileti ya upande. Ya mwisho inakuambia ganda la rodi na umeme inaoutaka.

6010 inachimba ndani na inapendwa kwa mshono wa kwanza wa paipu, lakini inataka umeme wa DC. Zile mashine za kusukwa kwa waya wa shaba zilizojaa jua kali zinatoa AC, kwa hivyo mazoezi ya 6010 hapo hayatawezekana. Tafuta inveta ya DC, hata kama ni ya kukodi kwa siku.

7018 nayo haipendi unyevu kabisa. Unyevu unaleta haidrojeni, na haidrojeni inaleta nyufa ambazo zinaweza kutokea masaa baadaye, ukiwa ushaenda keja. Ndo maana zinakaa kwa oveni ya kuanzia nyuzi 120, na D1.1 inaruhusu zile za kawaida zikae nje masaa 4 tu. Ukiona mahali wanakufundisha na 7018 zilizolala kwa rafu wazi tangu mwaka jana, jiulize ni nini kingine wanaruka.

MAZOEZI: KAZI IKO KABLA YA MOTO

Kabla ulipe, omba ile karatasi ya maelekezo ya kuchoma, inaitwa WPS. Ndani yake kuna kila kitu: chuma gani, unene, rodi gani na saizi gani, umeme kiasi gani, kupanda ama kushuka, pengo la chini ni mm ngapi. Wakikataa kukuonyesha, uliza hayo kwa mdomo na uandike. Ukifanya mazoezi ya kitu kingine, umejiandaa kwa mtihani wa mtu mwingine.

Halafu anza na kupanga chuma. Mitihani mingi inaangukia hapa, kabla hata hujawasha. Paipu mara nyingi inakatwa mshazari wa digrii 30 mpaka 37.5 kila upande. Piga grainda mpaka chuma king'ae, ndani na nje, kama mm 25 kutoka ukingoni. Kutu, rangi na mafuta vikibaki vinageuka vitundu. Pengo liwe sawa kuzunguka kote. Likiwa mm 3 upande mmoja na mm 1 upande mwingine, hakuna mkono wa kuliokoa. Zile nukta za kushikilia, zipige grainda ncha zake zilale, ndo mshono upite juu yake bila kugonga ukuta.

Mshono wa kwanza, ruti, ndo roho ya mtihani. Ukiwa unaenda vizuri utaona katundu kadogo mbele ya uji, kama tundu la kufuli. Hako katundu ndo kanakuambia moto umefika upande wa pili. Kakipotea, hujafika. Kakikua sana, uko karibu kutoboa. Jifunze kukasoma mpaka uweze kukadhibiti kwa kasi na pembe ya rodi. Kila raundi ukimaliza, toa slagi yote. Slagi ukiifunika inabaki ndani, na eksirei itaiona.

Usisahau mwili. Kabla ya kuwasha, pitisha mkono mzima njia yote rodi ikiwa imezimwa, uone utakwama wapi. Tafuta mahali pa kuegemea kiwiko. Na kwa mtihani wa pozi, chuma kikishafungwa usikizungushe ndo upate raha. Hapo umefeli hata kama mshono ni mtamu.

JIKUNJE MWENYEWE KABLA WAKUKUNJE

Inspekta anaanza kwa macho. Nyufa haziruhusiwi hata moja. Kwa D1.1 andakati isizidi karibu mm 1, na mshono wa juu usivimbe kupita mm 3. Watu wanarundika chuma juu wakidhani ni nguvu. Wanajipeleka nyumbani.

Ukipita macho, kinakuja cha kukunja ama eksirei. Kwa kukunja wanakata vipande kutoka kwa mshono wako na kuvikunja mpaka vifanye U. Kimoja kinakunjwa uso ukiwa nje, kingine ruti ikiwa nje. Kwa chuma kinene wanakunja ubavu. Ufa ukifunguka kupita mm 3, kwisha.

Habari njema ni kwamba hiki unaweza kujifanyia mtaani. Choma bamba la mm 10, kata kipande cha upana wa karibu mm 38 kinachovuka mshono, piga grainda uso na ruti vilale sawa, halafu kikunje kwa jeki ya haidroliki kuzunguka chuma cha mviringo cha kipenyo cha karibu mm 38. Simama pembeni, vaa miwani, juu kinaweza kuruka. Kikipasuka, angalia pale kilipopasuka. Ukiona mstari laini ambao haujashikana, moto haukuwa unafika. Ukiona weusi, ni slagi. Chuma kitakuambia ukweli bure. Usiende mtihani mpaka vipande kadhaa mfululizo vimekunjika bila kufunguka.

MACHO, MAPAFU NA MFUKO

Miwani ya jua si kinga. Kwa rodi za kawaida tafuta kioo cha giza namba 10 ama 11. Ule mchanga unaosikia machoni usiku baada ya kazi ni macho yameungua, na viazi ama maziwa havirudishi kilichoharibika. Nenda kliniki. Ukichoma chuma chenye ganda la zinki, kwaruza hilo ganda kwanza na ufanye kazi mahali pana hewa. Kunywa maziwa hakuzuii homa ya moshi, hata kama kila fundi wa zamani anaapa hivyo.

Kuhusu zile kazi za nje, angalia kwanza kama ajenti yuko kwa orodha ya waliosajiliwa na National Employment Authority kabla utume hata soo moja. Na yule wa kukuuzia cheti bila kushika mashine, mwache aende. Kampuni za maana zinakupima tena, ama kabla usafiri ama siku unaripoti. Hapo karatasi haichomi. Utapewa rodi, paipu imeinama, na masaa machache. Ukifeli ukiwa Doha, deni la ajenti linakungoja Nairobi.

Kwa hivyo wiki hii fanya vitu tatu. Chagua mboka unayotaka na uulize wanataka pozi gani, njia gani, unene gani. Nenda kwa wauza vyuma chakavu ununue vipande vya mazoezi vya unene huo huo. Halafu choma, kata, kunja, rudia. Ada ya mtihani iwe kitu ya mwisho kulipa, si ya kwanza.